Tulipoingia Kampala: barua kwa binti yangu

Kikuyu, Dodoma

Mwanangu mpendwa,

Marahaba. Salamu zako zimefika na hapa nyumbani sote tu wazima. Ujumbe wako nimeusoma na kuurudia. Unasema mmebishana darasani, mwenzako mmoja akasimama na kusema Tanzania haina mdomo wa kumlaumu yeyote anayemvamia jirani, kwa sababu mwaka 1979 sisi wenyewe tuliingia Kampala, Uganda, tukaiangusha serikali ya Idi Amin, kama Marekani ilivyofanya Baghdad mwaka 2003. Unasema ulikosa la kumjibu.

Nitakuambia ninavyoamini, nawe utapima. Ninaamini tulikuwa na haki ya kumtoa Amin kwenye ardhi yetu ya Kagera aliyoivamia. Ninaamini pia kwamba Mwalimu Nyerere, rais wetu wa wakati ule, hakukosea kwenda mpaka Kampala. Lakini huyo mwenzako usimdharau, maana hoja yake ina uzito mahali ambapo pengine hata yeye hakupafikiria, nako ni baada ya Kampala kuanguka. Wengi wetu tunapenda kuisimulia vita hii mpaka Aprili 11, 1979, halafu tunanyamaza.

Anzia mbali kidogo. Januari 25, 1971, Rais wa Uganda, Milton Obote, akiwa Singapore kwenye mkutano wa Jumuiya ya Madola, Idi Amin alimpindua. Mwalimu alikataa kumtambua Amin, akampa Obote hifadhi hapa kwetu. Mwenzako akiwa amesoma vizuri atakukumbusha Septemba 1972, nawe usilikwepe jambo hilo: wafuasi wa Obote walivuka mpaka wakitokea ardhi yetu, wakajaribu kumrudisha madarakani kwa bunduki, wakashindwa vibaya. Mwezi uliofuata mkataba ukasainiwa Mogadishu wa kuacha uchokozi. Kwa hiyo uhasama ulikuwepo miaka mingi kabla ya vita.

Ila kilichowasha moto mwaka 1978 kilikuwa ndani ya kambi za Amin mwenyewe. Jeshi lake lilikuwa limegawanyika, askari wakaanza kuasi, uchumi ulikuwa hoi tangu alipowafukuza Waasia mwaka 1972. Mtawala wa namna hiyo akibanwa nyumbani hutafuta adui wa nje. Mwishoni mwa Oktoba majeshi yake yakamwagika katika eneo letu lote la kaskazini ya Mto Kagera, kama kilometa za mraba 1,800, na Novemba 1 akatangaza kuwa sasa ni sehemu ya Uganda. Daraja la Kyaka likavunjwa. Raia waliouawa wanakadiriwa kufika 1,500. Wanawake walibakwa, kiwanda cha sukari kikaporwa, ng'ombe wakaswagwa kwa maelfu kuvukishwa mpaka pale Mutukula. Sisi tuliokulia kwenye zizi hatuhitaji kuelezwa maana ya ng'ombe kuswagwa. Ni mahari imeondoka, ni ada ya shule, ni chakula cha mwaka wa ukame.

Mimi nilikuwa msichana mdogo pale Bahi. Novemba 2 watu wazima walizunguka redio ya mwalimu mkuu iliyowekwa dirishani, sisi watoto tumekaa chini mavumbini, na nayasikia mpaka leo maneno ya Mwalimu Nyerere: "Uwezo wa kumpiga tunao, sababu ya kumpiga tunayo, na nia ya kumpiga tunayo." Hakuna aliyepiga makofi. Babu yako alikwenda moja kwa moja zizini kuchagua dume la kuchangia.

Baada ya hapo reli ya kati ikawa ya askari. Treni zilipanda kwenda Mwanza, na huko walivushwa ziwa mpaka Bukoba. Zikisimama Bahi tulikimbia na maji kwenye vibuyu na karanga kwenye vikapu, mikono ikitoka madirishani kupokea. Jeshi letu lilikua kutoka watu wasiofika 40,000 hadi zaidi ya 150,000, na kama 40,000 kati yao walikuwa mgambo. Mjomba wako alikuwa mmoja wa hao mgambo. Alikuwa mkulima wa mpunga tu, aliyezoea kupiga kwata kwa bunduki ya mti. Bibi yako alimfungia unga wa uwele na mlenda mkavu kwenye kitambaa, akamwambia asile vya watu asiowajua.

Sasa siasa yake, maana hapo ndipo mnapobishania. Mkataba wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika ulikataza nchi kuingilia mambo ya ndani ya nyingine, na ulitaka mipaka iheshimiwe. Wewe unadhani viongozi wa Afrika walifanya nini Amin alipoukanyaga mkataba huo mchana kweupe? Wengi walitaka tupatane. Mwalimu alidai Amin alaaniwe, aache madai yake juu ya ardhi yetu na alipe fidia, lakini umoja haukumlaani. Ni umoja uleule uliomkalisha Amin kiti cha mwenyekiti mwaka 1975, mkutano ukafanyika Kampala, Mwalimu akasusia. Halafu Julai 1979 pale Monrovia ni sisi tuliolaumiwa kwamba tumevunja mkataba. Jambo hilo linaniuma mpaka leo. Kanuni inayomlinda mwenye mabavu ndani ya mipaka yake, na isiyomlinda jirani yake anapovamiwa, ni nusu ya kanuni.

Ukumbuke pia kwamba mwanzoni Mwalimu hakutangaza kumwondoa Amin. Alisema hiyo ni kazi ya Waganda wenyewe. Hesabu ilibadilika vita ikiendelea. Gaddafi wa Libya alileta askari wake kumsaidia Amin, na usiku wa Machi 10 na 11 wakapambana na wetu pale Lukaya, ndani ya Uganda, kwenye barabara inayokatiza kinamasi. Kurudi nyuma baada ya hapo kungekuwa kumwachia Amin jeshi la kukodi na sababu ya kurudi tena. Machi hiyohiyo Waganda walioko uhamishoni wakakutana Moshi, wakaunda chama cha ukombozi chini ya Yusuf Lule, ili Kampala ikianguka iwe imeangukia mikononi mwa Waganda. Ikaanguka Aprili 11. Askari wetu waliendelea mpaka mpaka wa Sudan, wakafika huko Juni 3.

Mwulize mwenzako Iraq ilikuwa imeikalia ardhi gani ya Marekani. Hakuna. Februari 5, 2003 Colin Powell, waziri wa mambo ya nje wa Marekani, alisimama mbele ya Baraza la Usalama akaeleza habari za silaha za maangamizi. Baraza halikuidhinisha vita, vita ikaanza Machi 20, na silaha hazikuonekana. Mwaka uliofuata Kofi Annan, Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa, alisema wazi kwamba uvamizi ule haukuafikiana na Mkataba wa Umoja wa Mataifa. Mtu aliyevamiwa akampiga mvamizi hadi kwake, na mtu aliyevuka bahari kwa tuhuma ambayo haikuthibitika, siwezi kuwaweka kwenye mizani moja, na mwenzako hapaswi kukulazimisha.

Lakini kuanzia hapo ushindi wako utaanza kupungua, na nataka ulijue hilo kabla hujasimama tena.

Baghdad ilianguka Aprili 9, 2003. Mwezi uliofuata Paul Bremer, aliyepewa kuitawala Iraq, akalivunja jeshi lote la nchi ile. Laki kadhaa za wanaume wenye mafunzo ya silaha wakabaki mitaani bila mshahara. Uasi uliofuata uliua watu kwa maelfu, na Juni 2014 mji wa Mosul ukatekwa na watu wanaojiita Dola la Kiislamu, wakiwamo maofisa wa zamani wa jeshi lile lile. Kule Uganda hapakuwa na amri ya kulivunja jeshi la Amin. Lilivunjika lenyewe likikimbia, likaacha maghala wazi. Kambi ya Moroto iliporwa na Wakaramoja, wafugaji wa kaskazini mashariki ya Uganda, na wizi wa ng'ombe uliokuwa wa mikuki ukawa wa bunduki za rashasha. Sisi wafugaji wa huku tunaelewa hilo linafanya nini kwa vijiji. Mwaka 1980 njaa ikafagia Karamoja.

Na serikali tuliyoisimamisha? Lule alidumu kama miezi miwili tu. Godfrey Binaisa hakumaliza mwaka. Desemba 1980 ukafanyika uchaguzi, Obote akatangazwa mshindi, wapinzani wakasema umeibwa, na Februari 1981 Yoweri Museveni akaingia msituni kupigana na serikali hiyo. Luwero, kaskazini ya Kampala kulikopiganwa vita hiyo, ikajaa mafuvu. West Nile, alikotoka Amin, raia walilipishwa madhambi ya mtu aliyekwisha kukimbia. Uganda haikutulia hata kidogo mpaka Januari 1986, na kaskazini haikutulia hata wakati huo. Nadhani pale Moshi watu waliunganishwa kwa siku tatu bila kuwa na jambo moja la pamoja isipokuwa kumchukia Amin, na nadhani Mwalimu, kwa mapenzi yake kwa Obote, hakuona jinsi Waganda wengi, hasa Baganda, walivyomwogopa. Ninampenda Mwalimu kuliko kiongozi yeyote tuliyepata, na bado nasema hivyo.

Lipo pia la Masaka, mji wa Uganda uliokuwa njiani kwenda Kampala. Askari wetu waliingia Februari 24, na baadaye majengo ya mji ule yalilipuliwa moja baada ya jingine kulipiza ya Kagera. Wenye maduka na wenye nyumba wa Masaka hawakuwa wamevuka Mto Kagera. Usikubali mtu alitumie hilo kufuta waliouawa Misenyi, kwetu Kagera, na wewe usitumie Misenyi kulifuta hilo.

Hapa nyumbani bili ililetwa mapema. Vita inakadiriwa kugharimu dola milioni 500, fedha za kigeni ambazo hatukuwa nazo. Mwalimu alituomba tufunge mkanda miezi 18. Miezi ile ikapita na mkanda ukazidi kukazwa. Vita haikutufilisi peke yake: Jumuiya ya Afrika Mashariki ilikuwa imekufa mwaka 1977, bei ya kahawa ikaanguka, mafuta yakapanda mwaka 1979, na sera zetu za vijiji nazo zilishayumbisha mashamba. Vyote vilitua kwenye meza moja. Dukani tulipanga mawe kwenye foleni tangu alfajiri, kila nyumba na jiwe lake, halafu mtu akaenda kuchota maji akirudi anatafuta jiwe lake lilipo. Sabuni ya mche ilikatwa kwa uzi vipande vyembamba hata mkono ukauona upande wa pili. Tulikula unga wa yanga, yaani wa mahindi ya njano, tukashukuru.

Takwimu rasmi zinataja askari wetu 373 waliokufa, wengi wao si kwa risasi za adui bali kwa ajali na maradhi. Baadhi wamelazwa Kaboya, kule Muleba. Mjomba wako alirudi mzima, akashika jembe lake, na hakuna aliyemuuliza amerudi na nini.

Kwa hiyo ukija likizo ya Julai, panda gari la Bahi ukamwone. Mpelekee sukari na betri za redio. Ya Lukaya atakusimulia bila kuombwa, mpaka na jinsi tope lilivyowafika magotini. Ya Masaka umuulize mkiwa wawili tu shambani, si mbele ya wajukuu. Yeye anasema tulipaswa kusimama mpakani baada ya kumtoa Amin Kagera na kuwaachia Waganda yaliyobaki. Mimi nasema Amin angerudi. Tumebishana hivyo tangu nikiwa mwalimu kijana na hakuna aliyemshinda mwenzake. Msikilize kwanza, halafu uniandikie umesimama upande gani na kwa nini.

Mama yako anayekupenda