Mwanangu, fungasha kabla mvua hazijaanza

Gulwe, Mpwapwa
Oktoba 2025

Mwanangu mpendwa, Mama Baraka,

Mbukwenyi. Natumaini barua hii itawakuta wazima wa afya, wewe, mkwe wangu na mjukuu wangu. Sisi huku hatujambo. Baba yako anakusalimu, na shamba tumekwisha kulisafisha, tunasubiri mvua.

Nimeona nikuandikie badala ya kukupigia simu, kwa kuwa jambo lenyewe, begi la dharura la kutoka nalo mafuriko yakija, lina mengi ambayo kwenye simu husikika leo na kesho yakasahaulika, na ningependa muisome barua hii wewe na mwenzio mkiwa mmekaa. Nilipokuja kuwatembelea hapo Dodoma mwezi wa nane, nilizunguka nyuma ya nyumba mliyopanga nikaliona lile korongo. Lilikuwa kavu kabisa, watoto wanacheza mpira ndani yake. Lakini kwenye ukuta wa jirani yenu wa upande wa chini nikaona mstari wa tope lililokauka, umenyooka kama uliochorwa kwa rula, na niliposimama karibu nao ulinifika kiunoni. Siku ile sikusema neno kwa sababu mlikuwa na wageni, ila tangu hapo mstari ule haujanitoka moyoni.

Wewe umekulia huku, unajua mvua yetu ilivyo. Ni ya msimu mmoja, huanza kati ya Novemba na Desemba na kuisha Aprili, na kwa kuwa inakuta ardhi ngumu isiyo na majani, maji mengi hayazami bali hukimbilia makorongoni. Ndiyo maana korongo linaweza kujaa hapo kwenu wakati kwenu halijadondoka hata tone, kwa mvua iliyonyesha vilimani ambako hata mawingu yake hamkuyaona. Mtu anayesubiri aone mvua mlangoni pake ndipo aanze kukusanya vitu, amekwisha kuchelewa.

Mwisho wa Desemba 2009 ulikuwa bado mdogo, na sijui unakumbuka kiasi gani cha usiku ule. Ni mvua zile zilizoharibu Kilosa, Kongwa na Mpwapwa yetu, zikaikata Reli ya Kati, baina ya Kilosa na Gulwe, hata treni zikasimama. Mto Kinyasungwe ulipopanda, tulitoka salama sisi sote, wewe nimekushika mkono na mdogo wako yuko mgongoni. Tulikuwa tumekwisha kufika kwenye tuta la reli baba yako alipokumbuka sanduku la bati lenye karatasi zetu, akarudi. Nilimwita, hakugeuka. Alilikuta sanduku limefungwa kwa kufuli, akaanza kuutafuta ufunguo gizani kwa kupapasa juu ya kabati, na alipokata shauri kulibeba lilivyo, maji yalikuwa yamemfika kifuani. Alitoka kwa kushikilia ukuta, kisha uzio, kisha mkono wa jirani aliyemfuata na kamba. Asubuhi tulipolivunja lile kufuli tulikuta maji yaliingia ndani. Vyeti vilikuwa vimegandana kama maandazi mabichi, muhuri wa zambarau umesambaa, na jina lako kwenye cheti cha ubatizo limebaki herufi tatu za mwisho. Kwa karatasi zile tulihangaika miaka miwili tukienda ofisi hadi ofisi. Na baba yako alikuwa karibu kufa kwa ajili yake.

Kwa hiyo naomba unielewe vizuri kabla sijaanza kutaja vitu. Begi ninalotaka uliandae si ghala la kubebea nyumba. Kazi yake ya kwanza ni kukuwezesha kutoka mapema bila sababu yoyote ya kurudi ndani. Kila utakachokitia humo kiwe ni kitu ambacho ungerudi kukichukua, au kitu ambacho mtoto hawezi kukaa siku tatu bila hicho. Vingine vyote, televisheni, godoro, jiko la gesi, mviache.

Halafu fikiria utakavyolibeba. Watu wengi husema begi la mgongoni, na kwa mtu asiye na mtoto ni kweli, lakini mgongo wako ni wa Baraka, na usiku wa hatari hakuna mahali pazuri pa kumweka kuliko hapo, ndani ya mbeleko iliyofungwa sawasawa. Kwa hiyo wewe tafuta begi jepesi la kukaa kifuani, lenye mkanda wa kupita begani, ili mikono yote miwili ibaki huru kushika tochi na ukuta. La mgongoni abebe mwenzio. Najua yeye husafiri kikazi mara kwa mara. Basi panga kana kwamba usiku huo hayupo: yale ya lazima yote yawe kwenye begi lako, na lake libebe ya kuongezea. Baraka sasa anakaribia kilo 11, na lita moja ya maji ni kilo moja, kwa hiyo begi lako likizidi kilo sita litakuelemea. Lijaribu. Jumamosi moja mfunge mtoto mgongoni, vaa begi, tembea mpaka ile shule iliyo mwinukoni, na kitakachokuuma begani kabla hujafika, kipunguze.

Maji ndiyo mazito kuliko vyote na ndiyo ya lazima kuliko vyote. Ushauri wa kawaida ni kuhesabu kama lita nne kwa kila mtu kwa siku, za kunywa na matumizi madogo, na kwa siku tatu watu wazima wawili peke yao wanafika lita 24, mzigo ambao hakuna anayeweza kuukimbiza. Weka chupa mbili za lita moja begini, dumu lililojaa liwe mlangoni kwa ajili ya mwenye nguvu au mwenye gari, na usiache kuweka vidonge vya kutibu maji, vile vinavyouzwa dukani kwa bei ndogo, ukisoma kwenye pakiti kidonge kimoja ni cha lita ngapi. Baada ya mafuriko vyoo hufurika na visima huchafuka, na kipindupindu hufuata nyuma. Kwa Baraka weka pakiti kadhaa za ORS, ule unga wa kuchanganya na maji mtoto akiharisha, na vidonge vya zinki, umuulize mhudumu wa kliniki kipimo chake kwa umri alio nao. Na kama ORS imekwisha, lita moja ya maji safi, vijiko vya chai sita vya sukari na nusu kijiko cha chumvi, vyote vilivyosawazishwa juu, vinafaa. Lishike hilo kichwani, kwa sababu kuharisha humkausha mtoto kwa saa chache.

Chakula kisikusumbue sana. Kiwe cha kuliwa bila moto: karanga za kukaanga kwa ajili yenu wakubwa, biskuti, zabibu kavu, ambazo hapo Dodoma hamzikosi. Karanga nzima usimpe Baraka, zisije zikampalia. Yeye msagie, na zabibu umkatekate. Usiweke unga ukidhani mtapika uji, kwani kuni zitakuwa zimelowa na sufuria utakuwa hunayo.

Sasa karatasi, na hapa nivumilie nikirefusha. Vyeti vya kuzaliwa vya wote watatu, cheti cha ndoa, vyeti vyako vya shule na chuo, vitambulisho vya taifa, kadi za bima ya afya, kadi ya kliniki ya mtoto na mkataba wa pango, vyote viingie kwenye mfuko wa plastiki unaofungwa kwa kubana, halafu mfuko huo ndani ya mwingine, mdomo wa wa kwanza ukitazama chini. Lakini kabla ya hapo zipige picha moja moja mchana wenye mwanga mzuri, unitumie mimi na umtumie baba yako mdogo, ili hata simu yako ikizama pawe na nakala mahali pakavu. Picha haichukui nafasi ya cheti halisi, ila anayekwenda kuomba cheti kingine akiwa na namba zake mkononi hahangaiki kama tulivyohangaika sisi. Usifunge chochote kwa kufuli. Na kwa kuwa begi lenye vyeti ni mali kwa mwizi pia, lisikae sebuleni, litundike nyuma ya mlango wa chumba chenu cha kulala, mahali ambapo mkono wako utalipata bila taa.

Fedha taslimu lazima iwepo. Najua ninyi vijana fedha zenu zimo kwenye simu, lakini umeme ukikatika na minara ikizimika, wakala hawezi kukusaidia. Weka noti ndogo ndogo, za elfu moja na elfu mbili, kwa sababu siku hiyo hakuna atakayekuwa na chenji ya elfu kumi, na mwenye bodaboda hatakusubiri uitafute. Namba za simu za ndugu watano ziandike kwa kalamu kwenye karatasi. Namba 112 ya dharura na 114 ya Zimamoto na Uokoaji nazo ziandike hapo hapo.

Dawa za presha za mkwe wangu ziwe za wiki moja, zibadilishwe kila anapochukua mpya ili zisiishe muda. Nepi, sabuni, pedi zako, kanga mbili, sweta la mtoto, chandarua, kwa maana mbu huongezeka mara maji yanapotuama. Tochi ya betri na betri za akiba, redio ndogo, pawabenki, filimbi ya kuitia msaada, kibiriti ndani ya plastiki. Viatu vya kufunika vidole viwe chini ya kitanda, si begini.

Hilo la viatu nalisema pia kwa sababu ya tetemeko. Dodoma ipo kwenye eneo la Bonde la Ufa, na wazee wa Bahi na Kondoa watakusimulia ardhi ilivyowahi kutikisika. Septemba 2016 tetemeko la ukubwa wa 5.9 liliua watu zaidi ya 15 mkoani Kagera, wengi kwa kuangukiwa na kuta. Likitokea, usikimbilie begi kwanza: jikinge wewe na mtoto chini ya meza imara, mbali na madirisha, na mtikisiko ukitulia ndipo uvae viatu, maana sakafu itakuwa na vioo, uchukue begi na kutoka. Kwa mafuriko mambo ni kinyume, huko unaondoka kabla. Na unapoondoka usivuke korongo linalotembea, hata likionekana dogo. Maji ya kasi yenye kina cha sentimita 15, yaani juu kidogo ya kifundo cha mguu, yanaweza kumwangusha mtu mzima, na yakifika sentimita 60 hubeba gari.

Nawaza sana juu ya Katesh. Ile Jumapili ya tarehe 3 Desemba 2023, tope, mawe na magogo kutoka Mlima Hanang yalishuka juu ya watu wakiwa majumbani mwao, na zaidi ya 80 walikufa. Waliookoka walipokelewa shuleni na watu wakajitolea nguo na vyakula kutoka kila mkoa, lakini misaada hiyo, hata serikali na majirani wakifanya haraka namna gani, haifiki saa ile ile. Hizo saa za katikati ndizo ninazokuandalia.

Kwa hiyo nenda kwa mwenyekiti wenu wa mtaa umuulize watu wenu hukusanyikia wapi korongo linapojaa. Sheria ya Usimamizi wa Maafa ya mwaka 2022 imeweka kamati za maafa, na ni haki yako kujua za kwenu ni akina nani. Sikiliza taarifa za Mamlaka ya Hali ya Hewa, na wakitangaza mvua kubwa, usiku huo laleni mmevaa nguo za kutokea. Muulize pia yule bibi anayeishi peke yake chumba cha uani nani atamwamsha. Kama hakuna, mkubaliane kuwa ni ninyi, na ndiyo sababu nyingine ya begi lako kuwa jepesi.

Begi lifunguliwe mara mbili kwa mwaka, mwisho wa Oktoba na mvua zinapokwisha Aprili. Baraka anakua haraka, sweta la mwaka jana halitamwingia.

Nimempa kondakta wa basi la kesho kifurushi chenye jina lako; kipokee stendi saa nane mchana. Ndani kuna karanga kilo mbili, tochi, na mbeleko niliyokubebea wewe, kitambaa chake bado ni imara. Chini kabisa kuna bahasha yenye kile cheti cha ubatizo chenye herufi tatu. Kanisa lilitupatia kingine, nacho unacho, lakini hiki nacho kitie kwenye mfuko pamoja na vingine. Ukimaliza kufungasha nipigie, uniambie begi limefika kilo ngapi.

Wako akupendaye,
Mama