Masikio ya Simba

Mwanaidi shoga yangu,

Salamu za mama, za watoto, za wote, zipokee kwa mkupuo maana ninaandika mbiombio. Picha ya masikio ya mbwa wako Simba uliyoleta jana nimeikuza nikaitazama vizuri. Huo si upele. Vigaga vyeusi kwenye ncha za masikio yote mawili na kwingine kusafi, hao ni nzi wanaouma.

Mchungulie mmoja akitua. Utadhani nzi wa jikoni, ila mdomo wake mgumu umechomoza mbele kama sindano. Dume kwa jike wote wanafyonza damu, tena mchana kweupe. Ncha ya sikio ina manyoya mafupi, na damu ikishavuja wenzao wanakuja.

Lowesha kitambaa kwa maji ya uvuguvugu, kiweke juu ya kigaga dakika tano hadi kumi kilainike, ndipo uoshe kwa sabuni isiyo kali. Usikibandue, damu itaanza upya. Kausha, upake mafuta ya mgando utando mwembamba, asubuhi na alasiri, kwani akijikuna yanatoka. Oili chafu aliyokushauri Hamadi usithubutu! Inaunguza ngozi, na mbwa akijiramba ni sumu. Hamadi na oili yake, angeipaka hata kwenye chai.

Dawa ya mbwa yenye permethrini inafukuza nzi kweli, lakini paka wako si analala mgongoni mwa Simba? Paka ikimpata anatetemeka, anashikwa na degedege, anaweza kufa. Mwombe daktari wa mifugo dawa nyingine. Na ile ya watu ya mbu, yenye DEET, usimpake mbwa.

Ila shoga, hata ukipaka mwaka mzima utakuwa unatwanga maji kinuni iwapo lile rundo la nyasi nyuma ya banda (nimeliona kwenye pembe ya picha, usinifiche) bado lipo. Humo ndimo wanamozaliwa: nyasi zilizolowa zikaoza, samadi iliyochanganyika na matandiko na mkojo. Kukiwa na joto, yai linakuwa nzi kwa wiki mbili tatu tu. Litawanye juani, tabaka jembamba, likauke kabisa. Mabuu hayaishi pakavu. Kisha zoa banda mara mbili kwa wiki. Ukiruka wiki mbili umerudi ulikoanzia. Feni nayo inasaidia, nzi hawa upepo unawashinda, ila waya uwe mbali na meno ya Simba.

Jioni mmulike kwa tochi. Ukiona vichembe vyeupe vimegandana kwenye manyoya karibu na kidonda, hayo ni mayai ya nzi wa mizoga, na funza wanaweza kutoka ndani ya siku moja. Usisubiri kesho, mpeleke kwa daktari.

Sasa nijibu: rundo liko hatua ngapi kutoka anapolala? Linalowa mvua? Sikio linanuka, au limevimba kama kimto? Anatikisa kichwa sana? Na Rehema, amejifungua au bado mnanificha?

Wako,
Zuhura