Kwa Padre, kabla hujachukua fomu

Toronto

Ndugu yangu Padre,

Salamu nyingi, na shikamoo zangu kwa mama. Mimi ni mzima.

Barua yako nimeisoma mara mbili nikiwa nimesimama jikoni, koti la baridi bado mwilini. Kumbe kweli unautaka udiwani! Unaniuliza kama nimewahi kusikia kasisi wa Anglikana aliyeingia siasa akatoka bado ni kasisi. Nimesikia, na ni wa hapa hapa Ontario, jimbo la Kanada, ingawa mambo yake yalipita kabla sijafika. Anaitwa Dennis Drainville.

Kabla ya siasa aliongoza STOP 103, shirika la kusaidia maskini hapa Toronto. Hiyo 103 ni namba ya jengo katika mtaa wa Bellevue, penye kanisa la Mtakatifu Stefano, ambako watu walifuata chakula. Kwa hiyo huyu hakuijua njaa kwa kuhubiri tu. Ilimgongea mlango kila siku. Nakutajia hili kwa sababu nawe umekaa miaka yote hiyo kwenye zahanati ya kanisa, ukiona nani anarudishwa nyumbani kwa kukosa hela ya dawa.

Mwaka 1990 aligombea ubunge wa jimbo kwa tiketi ya chama cha New Democratic, katika eneo la Victoria–Haliburton, nchi ya mashamba na maziwa kaskazini-mashariki ya Toronto. Hapa kila jimbo lina bunge lake na serikali yake, wala si tawi la serikali kuu kama mikoa yetu Tanzania. Akashinda, na chama chake kikapata viti 74 kati ya 130. Bob Rae akawa waziri kiongozi, na ilikuwa mara ya kwanza kwa chama hicho kuitawala Ontario. Fikiria furaha ya mtu aliyezoea kuomba unga kwa ajili ya wengine, sasa yuko upande wa serikali!

Basi uchumi ukaanguka. Serikali ikakosa fedha, na mwaka 1993 ikafanya mambo mawili yaliyowachoma wafuasi wake. La kwanza, iliifungua upya mikataba ya watumishi wa umma, wakalazimishwa kuchukua siku za mapumziko bila malipo. La pili, ikaamua kujenga kasino Windsor, ng'ambo tu ya mto kutoka Detroit, ili ivune hela za wacheza kamari. Drainville alipinga. Alipoona chama hakirudi nyuma akatoka kwenye kundi la wabunge wa chama chake, akakaa bungeni kama mbunge binafsi. Baadaye mwaka huohuo akakiachia kiti chenyewe, akagombea bunge la shirikisho la Kanada, tena bila chama. Akashindwa. Kasino ikafunguliwa mwaka 1994.

Ninapoifikiria hiyo kasino nawakumbuka vijana wetu pale stendi, simu mkononi, wakihesabu mikeka yao tangu asubuhi. Wewe mwenyewe ulinisimulia habari ya yule kijana aliyebeti ada ya mdogo wake. Je, siku chama chako kitakaposema kodi ya michezo hiyo ndiyo itakayojenga madarasa ya kata, utasema nini kwenye kikao? Naomba jibu lako leo, kabla hujapata gari wala posho.

Tena wewe una shida ambayo Drainville hakuwa nayo. Yeye alikihama chama akabaki na kiti mpaka alipokiachia kwa hiari. Kwetu ukivuliwa uanachama, kiti nacho kimekwenda. Wala huwezi kugombea bila chama. Mchungaji Mtikila, yule mwanasiasa wa upinzani, alilipigania hilo miaka na miaka, mpaka Mahakama ya Afrika pale Arusha ikampa haki mwaka 2013, lakini mlango wa mgombea binafsi haujafunguliwa hadi leo. Ukiingia, unaingia na kadi ya watu, na kadi hiyo wanaweza kuidai siku yoyote.

Unaniuliza pia kama kanisa lilimpokea tena. Lilimpokea, na zaidi. Alihamia Quebec, akafundisha chuo huko Gaspé, pwani ya mbali ambako watu wengi huzungumza Kifaransa na Waanglikana ni wachache mno. Mwaka 2009 akawa Askofu wa Quebec, hadi 2017. Kanisa lake kuu, la Utatu Mtakatifu, lilikamilika 1804, nalo ndilo kanisa kuu la kwanza la Anglikana kujengwa nje ya visiwa vya Uingereza. Mimi nafurahi sana kwamba mtu aliyekiacha kiti cha bunge ndiye aliyekalishwa kwenye kiti cha askofu pale.

Sikukatazi kugombea. Ningekuwa nimejiandikisha hapo kijijini, kura yangu ungeipata, na baiskeli ya kaka yangu ingezunguka kata nzima na jina lako. Ila hukuniandikia kama umeshamwambia Baba Askofu, wala nani ataongoza ibada ya saa moja wakati wa kampeni. Nijibu hayo mawili. Na mama je, anasemaje?

Wako,
yule mliyeimba naye kwaya ya vijana