Beauvoir hakuwa kivuli cha Sartre

Ndugu Mhariri,

Makala iliyochapishwa hivi karibuni katika gazeti lako kuhusu udhanaishi, yaani falsafa inayosisitiza uhuru wa kila mtu kujiamulia maisha yake, ilirudia madai mawili ambayo yamesemwa mara nyingi hata hakuna anayeyadai ushahidi tena: kwamba hiyo ni falsafa ya watu waliomkana Mungu, na kwamba ni kazi ya mwanafalsafa Mfaransa Jean-Paul Sartre, huku mwandishi Mfaransa Simone de Beauvoir akitajwa mara moja tu, tena kama mwenzi wake. Naomba nafasi niyapinge yote mawili kwa kutegemea vitabu vya Kate Kirkpatrick, mwanafalsafa wa Oxford ambaye amesomea pia teolojia na ambaye, kwa maoni yangu, ameonyesha kwamba makosa hayo yana chanzo kimoja, yaani kuichukua picha ambayo Sartre na mashabiki wake waliichora kuwa ndiyo historia nzima.

Kuhusu Mungu sina haja ya kusema mengi. Katika mhadhara wake wa Paris mwaka 1945, Sartre mwenyewe aliwagawa wadhanaishi katika makundi mawili, akawaweka Mjerumani Karl Jaspers na Mfaransa Gabriel Marcel upande wa Wakristo, na yeye pamoja na Mjerumani Martin Heidegger upande wa wasioamini. Kirkpatrick anakwenda mbali zaidi. Katika kitabu chake cha mwaka 2017 kuhusu Sartre na dhambi, anadai kwamba dhana ya utupu, yaani pengo la kutokuwepo lililo ndani ya binadamu, iliyo kiini cha kitabu kikuu cha Sartre cha mwaka 1943, ina ukoo unaopitia kwa Pascal na waandishi wengine wa Kifaransa wa karne ya 17 hadi kwa Augustino, askofu wa Hippo katika nchi iitwayo leo Algeria, aliyefundisha kwamba uovu si kitu chenye uwepo wake bali ni upungufu wa wema. Binadamu wa Sartre hujidanganya, hutamani kuwa Mungu na hawezi, na huyaona macho ya mwenzake kuwa ndiyo anguko lake. Hayo ni mafundisho ya dhambi ya asili yaliyoondolewa neema. Wapo watakaoikimbilia hoja hii ili kumbatiza Sartre akiwa kaburini. Hawatapata msaada kwa Kirkpatrick, kwa kuwa mtu anaweza kurithi maswali ya Augustino na bado akayakataa majibu yake.

Suala la Beauvoir ni zito zaidi. Wasifu wake ulioandikwa na Kirkpatrick mwaka 2019, *Becoming Beauvoir*, unatumia shajara zake za ujana, ambazo zilichapishwa Ufaransa mwaka 2008, zaidi ya miaka 20 baada ya kifo chake. Humo tunamkuta, mwaka 1927, binti wa miaka 19 aliyelelewa Kikatoliki na kuipoteza imani akiwa bado mdogo, akitafakari mgongano kati ya nafsi na mwingine, mada ambayo baadaye wasomaji waliihesabu kuwa ya Sartre. Hao wawili walikuja kufahamiana mwaka 1929, walipofanya mtihani wa taifa wa kuwapata walimu wa falsafa. Sartre alikuwa wa kwanza na Beauvoir wa pili. Linalosahaulika ni kwamba Sartre alikuwa ameshindwa mtihani huo mwaka uliotangulia, ilhali Beauvoir aliufaulu mara ya kwanza akiwa na miaka 21.

Wala hakukubali kila alichoambiwa. Sartre aliposisitiza kwamba kila mtu yu huru katika hali yoyote, Beauvoir alimuuliza ni uhuru gani alio nao mwanamke aliyefungiwa katika nyumba ya wake wa sultani. Swali hilo ndilo lililozaa maandishi yake ya miaka ya 1940 kuhusu maadili, na hatimaye kitabu chake cha mwaka 1949 kuhusu hali ya wanawake. Wasomaji wa Kiingereza walikipata mwaka 1953 katika tafsiri ya mtaalamu wa zuolojia (elimu ya wanyama), iliyokatwa kurasa nyingi, zikiwemo za falsafa, na iliwabidi wangoje hadi mwaka 2009 kuipata tafsiri kamili. Si ajabu basi kwamba wengi hawakumwona kuwa mwanafalsafa. Vatikani, iliyokipiga marufuku kitabu hicho mwaka 1956, angalau ilimhukumu kwa maneno yake mwenyewe.

Iwapo gazeti litaendelea na mada hii, ningependekeza makala ijayo ianze na Hannah Arendt, mwanafikra Myahudi mzaliwa wa Ujerumani, ambaye tasnifu yake, aliyoiandika chini ya Jaspers na kuichapisha mwaka 1929, inahusu dhana ya upendo katika Augustino. Edith Stein, mwanafalsafa Mjerumani aliyekuwa mtawa, na Simone Weil, mwanafalsafa Mfaransa, nao wanastahili zaidi ya sentensi moja.

Wako,
Msomaji wa falsafa