PlayStation imejaa, lakini usianze kufuta

Ndugu yangu,

Salamu nyingi. Huku sote ni wazima, na natumaini nanyi hamjambo, ukiondoa hiyo hasira uliyoniandikia nayo. Nimeona nikujibu upesi kabla hujatimiza tishio lako la kufuta kila kitu na kuanza upya. Tafadhali iweke padi chini mpaka umalize kusoma.

Nianze na hilo linalokukera zaidi: PlayStation 4 yako inakataa sasisho dogo la GB chache, ilhali nafasi iliyobaki ukiitazama inatosha na kusaza. Mashine haikudanganyi. PS4 ikipokea sasisho, mara nyingi haiongezi tu vipande vipya juu ya gemu iliyopo. Inaiunda gemu upya pembeni, mabadiliko yakiwa ndani yake, na ile ya zamani haiondolewi mpaka mpya ikamilike. Ni sawa na kubadili godoro katika chumba kilichojaa: jipya lazima liingie kabla la zamani halijatoka, na hapo ndipo unapogundua chumba ni kidogo. Kwa hiyo gemu ya GB 100 yaweza kudai karibu GB 100 nyingine ziwe wazi kwa muda, hata kama sasisho lenyewe ni la GB 2. Kazi ikiisha, nafasi inarudi. Ndiyo maana baada ya kupakua unaona maandishi ya Copying kwenye skrini na mstari unaotambaa kama hautaki kufika.

Ukilielewa hilo, hesabu yako inabadilika. Usitafute nafasi inayolingana na sasisho. Tafuta nafasi inayolingana na gemu yako kubwa kuliko zote zinazosasishwa mara kwa mara, na uiache wazi siku zote. Mashine ya GB 500 kama yako, ukitoa sehemu ya mfumo wenyewe, inakuachia GB 400 na kidogo. Humo toa GB za akiba hiyo, kisha ndipo uanze kuhesabu gemu. Najua utasema ni wizi. Sema tu, lakini ndivyo ilivyo.

Uliuliza pia kwa nini gemu ulizo na diski zake zinakula nafasi sawasawa na za kupakua. Kwa sababu PS4 haichezi gemu moja kwa moja kutoka kwenye diski. Diski ya Blu-ray husomwa polepole mno kwa gemu za siku hizi, kwa hiyo data zote hunakiliwa kwenye hadi diski (hard disk, hifadhi iliyo ndani ya mashine), na baada ya hapo ile diski unayoichomeka ni uthibitisho tu kwamba gemu ni yako. Red Dead Redemption 2 inakuja na diski mbili: moja ya kusakinishia, nyingine ya kuchezea, na ikishakaa ndani inachukua takribani GB 100. Usihangaike kutafuta njia ya kuikwepa hiyo, haipo.

Na kuna jambo moja ambalo sikulijua mpaka mwaka 2020, Mark Cerny, msanifu mkuu wa PS4 na PS5, alipolieleza katika hotuba yake ya mwezi Machi kuhusu PS5. Hadi diski ya ndani ya mashine yako ina sahani zinazozunguka na kichwa kinachohama huku na huku kutafuta data. Kuhama huko kunapoteza muda. Basi watengenezaji wa gemu, ili kukiepusha kichwa na safari ndefu, huandika kitu kilekile mahali pengi, karibu na kila eneo kinapohitajika. Cerny alitoa mfano wa Marvel's Spider-Man: kuna data zilizorudiwa kama mara 400 kwenye hadi diski. Kwa maneno mengine, sehemu ya hiyo nafasi unayoililia imejaa vitu vya mtaani, vilevile, vilivyonakiliwa tena na tena ili Spider-Man asisubiri mtaa upakiwe. Nilipolisikia hilo nilipunguza lawama zangu kidogo. Kidogo tu.

Sasa twende kwenye kazi. Fungua Settings, kile kialama cha sanduku la zana, kisha Storage, kisha uchague hifadhi ya mfumo. Utaona mafungu manne: Applications, Capture Gallery, Saved Data na Themes. Hapo ndipo nataka utulie, maana mafungu hayo hayalingani thamani hata chembe.

Applications ndizo gemu zenyewe. Hizi ni kubwa, na karibu zote zinarudi: una diski, au umezinunua kwenye akaunti yako na unaweza kuzipakua tena. Saved Data ni sevu zako, kumbukumbu ya ulikofika, silaha ulizokusanya, ligi uliyoisimamia misimu yote ile. Hizi ni ndogo, nyingi hazifiki hata GB moja, na ukizifuta bila nakala hakuna wa kukurudishia. Wanaosafisha kwa hasira huanza na fungu hili kwa sababu orodha yake ni ndefu na inaonekana kama takataka. Wanapata nafasi ya kiduchu na kupoteza miaka. Wewe usiliguse.

Na ujue hili, kwa sababu naona kwenye barua yako ndilo linalokutisha: kwenye PS4, kufuta gemu hakufuti sevu yake. Ukiifuta leo na kuisakinisha tena mwakani, itakukuta palepale ulipoachia, mradi mashine ni ileile na hujaigusa sevu. Gemu zinazochezwa mtandaoni tu hazina hata neno hilo, kwani maendeleo yako yanakaa kwenye seva zao pamoja na akaunti yako. Fortnite waweza kuifuta usiku na kuirudisha asubuhi, utakachopoteza ni bando tu.

Kwa hiyo ingia Applications, utazame ukubwa wa kila moja, na uanze na ile kubwa ambayo hujaigusa kwa muda mrefu. Bonyeza OPTIONS, chagua kufuta, weka alama unazotaka, basi. Usipoteze saa nzima kufuta vijigemu vya MB 300 kwa huruma ya kuiachia kubwa moja ya GB 90 ambayo unajidanganya kwamba utaimalizia likizo. Hutaimaliza. Nakujua.

Tahadhari moja tu kwenye fungu hili. Kabla ya kufuta kitu ulichokipakua, hasa demo, yaani kionjo cha gemu, au kitu kilichotolewa bure, hakikisha bado kinapatikana dukani au kwenye maktaba ya akaunti yako. P.T., kionjo cha gemu ya kutisha, ilitolewa bure Agosti 2014, kampuni ya Konami wakaiondoa mwaka 2015, na hata waliokuwa nayo wakaifuta hawakuweza kuipakua tena kwa njia ya kawaida. Kama kwa bahati imo kwenye mashine yako, hiyo usiifute hata ukisongwa vipi, na uniite nije kuitazama.

Kwa sevu, fanya nakala kabla ya yote. Kwenye Settings kuna sehemu inayoitwa Application Saved Data Management. Ukiwa na PlayStation Plus, ile huduma ya kulipia, unaweza kuzipandisha kwenye hifadhi ya mtandaoni, ambayo tangu mwaka 2019 ni GB 100, nafasi ambayo sidhani utaijaza. Kama huna, chomeka flashi ya kawaida iliyofomatiwa kwa FAT32 au exFAT, uzinakili humo. Sevu zinafungamana na akaunti, kwa hiyo usitarajie kuitumia ya kwako kwenye akaunti ya mwingine.

Capture Gallery nayo usiidharau. Hapo ndipo zinapokaa picha na video. PS4 hupiga picha yenyewe kila unapopata kombe (trophy) ndani ya gemu, na ukibonyeza SHARE mara mbili bila kujua inaanza kurekodi. Nina hakika una video za dakika 15 za mchezaji amesimama kwenye menyu huku wewe ukiwa jikoni. Unazozipenda zinakili kwenye flashi, nyingine zote zifute bila kuzitazama, maana ukianza kuzitazama siku imekwisha. Themes ni vitu vidogo, zipite tu.

Kuna sehemu mbili ambazo watu huzisahau. Ya kwanza ni upakuaji uliokwama: fungua Notifications, uingie Downloads, ufute kila kilichosimama katikati, kwa sababu gemu iliyoishia njiani nayo imeshikilia nafasi. Ya pili ni gemu zinazokuruhusu kutoa vipande. Call of Duty: Modern Warfare ile ya mwaka 2019 ilifura mpaka watu wakalazimika kuchagua kati yake na gemu nyingine zote, lakini ndani ya menyu yake kuna mahali pa kuondoa sehemu usizozitumia. Kama hadithi umeshaimaliza na unacheza na watu mtandaoni tu, ya nini kuibeba?

Ukishafanya yote hayo na bado unabanwa, ndipo tuzungumzie kuongeza. Tangu sasisho la mfumo namba 4.50 la Machi 2017, PS4 inakubali hadi diski ya nje. Masharti ni kwamba iwe ya USB 3.0, isipungue GB 250 na isizidi TB 8, na ichomekwe moja kwa moja kwenye mashine, si kupitia kigawanyio cha USB. Mashine itaifomati, kwa hiyo usichomeke yenye picha za harusi ya mtu. Gemu zitakaa humo na kuchezeka humohumo, na unaweza kuzihamisha kutoka ndani kwenda nje kwa OPTIONS bila kupakua tena. Sevu, picha na video hubaki ndani. Na usiing'oe mashine ikiwa imewaka, hata ikiwa imelala tu: iambie kwanza iache kuitumia, au uizime kabisa. Faida nyingine ni kwamba siku ukihamia PS5, utaichomeka hiyohiyo na gemu zako za PS4, karibu zote, zitachezeka.

Kubadilisha hadi diski ya ndani pia kunawezekana, ya inchi 2.5, SATA, yenye unene usiozidi milimita 9.5, na ukiweka SSD, hifadhi isiyo na sahani zinazozunguka, utaona gemu zinafunguka haraka zaidi. Lakini hapo utahitaji kusakinisha mfumo upya kutoka kwenye flashi, na kila kilichokuwa ndani hakitahamia chenyewe. Mimi kwako naona ya nje inatosha. Nafasi ndiyo shida yako, mwendo hujaulalamikia.

Mwisho, huyo aliyekushauri ufanye Rebuild Database hakukosea sana, ila amekupa dawa ya ugonjwa mwingine. Hilo linapanga upya orodha ya vilivyomo kwenye hadi diski, haligusi gemu wala sevu, na husaidia mashine inayosuasua au menyu zinazogoma. Usitegemee likupe GB za maana. Ukitaka kulijaribu, zima mashine, shikilia kitufe cha kuwashia kwa sekunde kama saba mpaka usikie mlio wa pili, unganisha padi kwa waya wa USB, na kwenye menyu itakayotokea uchague namba 5. Soma vizuri. Namba 6, iliyo chini yake tu, ni Initialize, na hiyo inafagia kila kitu, sevu zikiwemo. Sijui nani aliamua kuzipanga jirani namna hiyo.

Anza na nakala za sevu leo, kisha unitumie picha ya orodha ya Applications pamoja na ukubwa wake. Nitakuwekea alama za kuondoka. Ile ya mpira ya mwaka juzi ijiandae.

Wasalimie wote nyumbani.

Ni mimi, mpinzani wako wa siku zote.