Chile walau waliandikiwa

Ndugu Mhariri,

Makala yenu kuhusu jinsi Chile ilivyoifungia sinema ya mwongozaji wa Marekani, Martin Scorsese, juu ya Yesu, "The Last Temptation of Christ", nimeisoma, nikaona mnawacheka Wakatoliki wa kule. Nami nilicheka, mpaka nilipofika kwenye mahakama. Filamu ilizuiwa 1988. Baraza lao la kukagua filamu likairuhusu kwa watu wazima 1996, mawakili wakaenda kushitaki, ati kwa niaba ya Yesu Kristo na Kanisa, na 1997 Mahakama ya Juu ikaifungia tena. Wengine hawakukubali. Wakafika hadi Mahakama ya Haki za Binadamu ya Nchi za Amerika, wakashinda Februari 2001, na Chile ikabadilisha katiba. Sisi Unguja tungeanzia wapi? Utakwenda kushitaki nini na hujapewa hata kipande cha karatasi kinachosema umekatazwa?

Mimi nina kikundi cha maigizo Kikwajuni. Tulitengeneza filamu fupi, mama anamsuka binti yake chumbani usiku wa kuamkia harusi. Nikaipeleka ofisi moja kuombea kibali, jina lake siitaji. Nimekalishwa kwenye benchi asubuhi nzima, na ukutani televisheni ya ofisi inaonesha tamthilia ya Kituruki, bwana na bibi wamekumbatiana wanalia, karani kaacha chai yake inapoa anawakodolea macho. Hatimaye kijana mmoja akaniita ndani: "Bi mkubwa, hizo nywele ziondoe." Nywele za mtoto wa kike, anasukwa na mamake, ndani ya nyumba yao! Nikamuuliza, kifungu gani? Akasema maadili. Nikamwambia basi niandikie hayo maadili, utie saini yako. Akacheka. Ati nende nikatulie, nisijiharibie.

Na hata angeniruhusu, ningeionesha wapi? Sinema ya Empire pale Darajani imegeuka duka. ZIFF, tamasha letu la filamu la Zanzibar, tunalo tokea 1998, lakini ni siku chache kwa mwaka, na pale Ngome Kongwe filamu zinapooneshwa utawakuta wageni wamekaa mabega wazi, wala hakuna anayewaambia wayaondoe.

Basi kila anayekata filamu ya mtu aandike: dakika ya ngapi, kimekatwa nini, kifungu kipi, nani kaamua, na muhuri juu yake. Akishindwa kuandika mpaka Ijumaa adhana ya adhuhuri, filamu ipite kama ilivyo. Na kabla ya kuja kwangu, aanze na ile televisheni ya ofisini kwao. Mkasi nitampelekea mimi.

Mtunzi wa maigizo,
Kikwajuni, Unguja