Risala ya Wazungumzaji wa Kiswahili wa Leicester kwa Mgeni Rasmi: Barabara ya Belgrave na Watu Walioijenga

Mheshimiwa Mgeni Rasmi,
Wazee wetu, viongozi wa kikundi, majirani zetu wa Belgrave, wazazi na watoto wetu,

Tunayo heshima kubwa kukukaribisha katika mkutano wetu wa mwaka, nasi tunakushukuru kwa kukubali kufunga safari ndefu kutoka nyumbani hadi mji huu wa Leicester, katikati ya Uingereza, msimu ambao baridi haimhurumii mgeni. Mchana wa leo tulikutembeza kwa miguu katika barabara ya Belgrave. Ukauliza kwa nini mwenye duka la viungo, mzee wa Kihindi mwenye mvi, alitusikia tukizungumza akatuita kwa Kiswahili safi, "Karibuni ndani, mama, muhogo umefika leo." Hatukukujibu pale pale kwa sababu jibu ni refu. Risala hii ndiyo jibu lenyewe.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Belgrave ilikuwa kijiji kabla ya kuwa mtaa wa mji. Katika daftari la mali na ardhi lililoandikwa kwa amri ya mfalme wa Uingereza mwaka 1086, jina lake limeandikwa Merdegrave. Masikioni mwa watawala wapya waliozungumza Kifaransa mwanzo wa jina hilo ulisikika kama neno la uchafu, na baadaye jina likageuzwa likawa Belgrave, lenye maana ya kupendeza. Kanisa la kale na jumba kubwa la mwanzoni mwa karne ya 18 bado vimesimama karibu na mto Soar. Mwaka 1892 mji uliokuwa ukipanuka ulikimeza kijiji, na mashamba yakajengwa safu za nyumba za matofali mekundu zilizoshikana ukuta kwa ukuta kwa ajili ya wafanyakazi wa viwanda vya soksi, fulana na viatu, kazi zilizoipatia Leicester utajiri wake. Kando ya barabara hii palikuwa na stesheni ya reli iliyofunguliwa mwaka 1882, ambako familia za wafanyakazi zilipanda treni za likizo kwenda kuogelea pwani ya mashariki, hadi treni hizo zilipokoma mwaka 1962. Maduka ya wakati huo yalikuwa ya mikate, nyama na vyombo vya nyumbani, kama mtaa wowote wa wafanyakazi katika Uingereza.

Miaka ya 1960 mtaa ulianza kuchoka. Familia nyingi za Kiingereza zilihamia nyumba mpya za pembezoni, maduka yakafungwa moja baada ya jingine, na nyumba za zamani zikauzwa kwa bei ambayo mgeni mwenye akiba ndogo aliweza kuimudu. Viwanda navyo vilikuwa bado vinatafuta mikono. Nyumba ya bei nafuu na kazi isiyouliza vyeti vingi ndizo zilizowavuta wageni wa kwanza kutoka Gujarat na Punjab, huko Bara Hindi.

Hapo ndipo historia ya Belgrave inapokutana na yetu. Mwaka 1967 serikali ya Kenya ilipitisha sheria za uhamiaji na leseni za biashara zilizowabana wasio raia, na Waasia wengi waliokuwa na pasipoti za Uingereza wakaanza kuondoka. Bunge la Uingereza likajibu kwa sheria ya Machi 1968, iliyopitishwa kwa siku chache tu, ikawafungia mlango wale ambao wao, wazazi wao au babu na bibi zao hawakuzaliwa Uingereza wala kupata uraia huko, ingawa pasipoti walizoshika zilikuwa za Uingereza. Kutoka Zanzibar wengine walikuwa wameondoka baada ya mapinduzi ya 1964, na kutoka Tanzania Bara wengine waliondoka baada ya majumba ya kupangisha kutaifishwa mwaka 1971. Kisha, Agosti 1972, Idi Amin akatangaza kwamba Waasia wa Uganda wana siku 90 za kuondoka. Zaidi ya 27,000 waliletwa Uingereza, wakapokewa katika kambi za kijeshi zilizokuwa tupu. Walichoruhusiwa kutoka nacho ni masanduku na kiasi kidogo cha fedha, na funguo za maduka ya Kampala, Jinja na Mbale wakaziacha nyuma.

Halmashauri ya mji wa Leicester iliingiwa na hofu. Tarehe 15 Septemba 1972 ilichapisha tangazo katika gazeti la Uganda Argus, ikiwashauri Waasia wa Uganda kwamba kwa faida yao na ya familia zao wasije Leicester, kwa kuwa nyumba, shule na huduma za afya zilikuwa zimezidiwa. Wazee wa mtaa huu hulisimulia tangazo hilo kwa kutikisa kichwa, kwani wapo waliolijua jina la Leicester kwa mara ya kwanza kupitia tangazo hilo hilo, wakafikiri kwamba mji unaoogopa kujaa watu wao bila shaka una watu wao. Walikuja. Miaka 50 baadaye, mwaka 2022, makumbusho ya mji huu huu yalifanya maonyesho ya kuwaenzi.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, ruhusu tukae kidogo katika maduka yenyewe, maana ndiko tabia ya mtaa iliko. Watu hawa walikuja wakiwa wanajua kazi moja kwa undani, nayo ni kazi ya duka. Walijua kununua kwa jumla na kuuza kwa rejareja ndogo ndogo, kuandika deni la mteja katika daftari, kuishi ghorofani na kuuza chini, kufungua mapema na kufunga wa mwisho. Wengi waliingia kwanza viwandani, mume zamu ya usiku na mke kwenye cherehani, wakaweka akiba mpaka wakapata chumba kimoja chenye dirisha la kuelekea barabarani. Viwanda vilipofungwa miaka ya 1980 duka likawa ndilo tegemeo. Ndivyo maduka yaliyokuwa yamepigwa mbao yalivyojaa sari, vyombo vya chuma cha pua, viungo, mboga, halua, ladu, jalebi na tambuu, na ndivyo kwa macho yetu mtaa uliokuwa unakufa ulivyofufuliwa na watu waliokatazwa kuja.

Kuhusu jina la Maili ya Dhahabu, ambalo barabara imepewa na watu, kuna maelezo mawili. Wengine husema limetokana na taa za njano za kuongozea magari zilizopangana barabarani. Wengi zaidi hulihusisha na masonara, na sisi tunaegemea hapo, kwa sababu dhahabu ndiyo inayoleta mabasi ya wateja kutoka miji ya mbali. Katika maduka ya kawaida ya Uingereza dhahabu inayouzwa zaidi ni ya karati 9, ilhali hapa ni ya karati 22, ile ambayo mama zetu wa Mombasa na Zanzibar nao huitambua kwa rangi yake tu. Bangili zake hupimwa kwa gramu, huvaliwa harusini, na siku ya shida hurudishwa dukani zikawa fedha. Familia zilizowahi kunyang'anywa nyumba na akaunti za benki zinafahamu sana thamani ya mali inayobebeka mkononi.

Na Kiswahili je? Kimo ndani ya Kigujarati cha wazee hawa: wanasema fagio, kisu na sufuria wakidhani wakati mwingine ni maneno yao ya asili, na katika orodha za vyakula za migahawa utakuta mogo, ambao ni muhogo wetu, na jugu, ambazo ni njugu zetu. Lakini tunapaswa kusema kweli mbele yako. Kiswahili walichokuja nacho baadhi yao kilikuwa Kiswahili cha kumwamrisha mfanyakazi, kilichojifunzwa kaunta moja ikiwatenganisha mwenye duka na mteja wake Mwafrika. Mzee mmoja alituambia kwamba hapa Leicester, alipokuwa yeye ndiye mgeni anayeamrishwa kiwandani, ndipo alipomkumbuka kijana aliyefagia duka la baba yake akatambua kwamba hakuwahi kumuuliza jina la ukoo wake. Maneno hayo yalitugusa sana, na ndiyo yaliyotufanya tuanze kazi ambayo tutakueleza hivi punde.

Tangu mwaka 1983 barabara hii huwashwa taa kila mwaka kwa sherehe za Diwali, na maelfu ya watu wa dini zote hujaa hapa. Sanamu ya Gandhi iliwekwa mwaka 2009. Daraja la magari lililoitenga barabara na katikati ya mji lilibomolewa mwaka 2014. Hata hivyo mtaa haukukosa majeraha: Septemba 2022 vijana wa Kihindu na wa Kiislamu walikabiliana katika mitaa ya mashariki mwa mji na ghasia zikafika hadi hapa, jambo lililowahuzunisha wazee ambao kule Afrika Mashariki walipanga maduka jirani. Wenye maduka nao wanazeeka, watoto wao ni wafamasia na wahasibu, na madirisha kadhaa mchana wa leo uliyaona mwenyewe yana matangazo ya kupangisha.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, tumeanza kuwarekodi wazee hawa kwa simu zetu, wakisimulia kwa Kiswahili maduka waliyoyaacha na maduka waliyoyafungua. Tunakuomba mambo mawili. Kwanza, utufikishie ombi letu kwa wataalamu wa historia na Kiswahili katika vyuo vikuu vya nyumbani, watusaidie kuhifadhi sauti hizi mahali ambapo mtoto wa Jinja, Kisumu au Tanga ataweza kuzisikiliza. Pili, ukirudi, utusaidie kuwatafuta waliofanya kazi katika maduka yale, wale waliofagia, kupima sukari na kubeba magunia, ili nao wasikilizwe, kwa sababu simulizi la upande mmoja wa kaunta ni nusu tu.

Tunaomba haraka. Fundi mmoja wa saa, mzaliwa wa Mwanza, alitusimulia nusu ya habari zake akatuambia turudi Jumamosi inayofuata kwa nusu iliyobaki. Tulipofika tulikuta wanawe wamekaa matanga.

Tunaomba kuwasilisha.